Umesimamishwa kazi ya Leta ukingoja uchunguzi: mwongozo kamili wa kulinda haki yako, hatua kwa hatua

Watumishi wa Leta, yaani Serikali, hapa Lubumbashi, Kongo, wanaendelea kupoteza kesi ambazo wangeweza kuzishinda. Wengi wanakuja kuomba msaada mwezi wa nne au wa tano umeshapita, na mkononi hawana kitu: barua hakuna, kopi yenye kashe (muhuri) hakuna, orodha ya vitu walivyoacha biro (ofisini) hakuna. Wanasimulia vizuri na unawaamini. Lakini wanaochunguza kesi, na hakimu baada yao, wanasoma karatasi.

Mwongozo huu ni wa mtumishi wa kudumu, yule anayeitwa agent de carrière, anayeongozwa na sheria namba 16/013 ya tarehe 15 Julai 2016. Askari, polisi na mahakimu wana sheria zao. Mfanyakazi wa kampuni ya migodi au wa duka anafuata Code du travail (sheria ya kazi), na njia yake ni nyingine.

Kabla ya kuanza, shika jambo moja. Adhabu za nidhamu zina majina yake: blâme (karipio), kukatwa theluthi ya mshahara, exclusion temporaire (kutengwa na kazi kwa muda), révocation (kufukuzwa). Kusimamishwa ukingoja uchunguzi hakumo kati yake. Ni hatua ya muda, ya kukuondoa kwenye kiti ili karatasi zisiguswe na mashahidi wasitishwe. Kwa hiyo lazima iwe na sababu, iwe na mwisho, na huko nyuma uchunguzi uwe unafanyika kweli. Ikikosa hayo, umeadhibiwa bila kuhukumiwa. Hilo ndilo utakalolipinga, na utalipinga kwa karatasi.

## Vitu vya kuandaa kwanza

Usingoje kusimamishwa ndipo utafute. Kama harufu ya matatizo imeanza biro, kusanya leo na uweke nyumbani:

- Karatasi ya kuingizwa kazini (admission sous statut), commission d'affectation (karatasi ya kupangiwa kituo) ya mwisho, karatasi za kupanda grade, na namba yako ya matrikule.
- Karatasi za signalement (kupimwa kazi kila mwaka) za miaka iliyopita. Mtu aliyepewa "très bon" au "élite" mfululizo, kisha ghafla akaitwa mzembe, ana swali la kumuuliza aliyemshtaki.
- Relevé (taarifa ya akaunti) ya benki au meseji za benki zinazoonyesha malipo ya miezi kadhaa ya nyuma, mshahara na prime (nyongeza).
- Kila barua, note de service au meseji inayohusu jambo lenyewe.
- Kaye moja ngumu ya kuandikia tarehe, saa, jina la uliyeongea naye na alichosema. Andika siku hiyohiyo, wino usiofutika.
- Pesa ya fotokopi na ya usafiri. Kila karatasi itahitaji kopi tatu: ya kupeleka, ya kwako yenye kashe, na moja ya kuweka kwa ndugu unayemwamini.
- Watu wawili: mjumbe wa sendika (chama cha wafanyakazi) yako na avoka (wakili). Sendika inaweza kukusindikiza tangu siku ya kwanza. Avoka mtafute mapema hata kama utamtumia baadaye.

Onyo: chukua kopi za karatasi zinazokuhusu wewe. Usitoke na karatasi za asili za biro, hata zile zinazokutetea. Utakuwa umewapa kosa la pili, na safari hii ni kosa la kweli.

## Hatua ya 1: Usirudi nyumbani bila karatasi

Hapa ndipo wengi wanaanguka. Shefu anakuita, anakuambia kwa mdomo: "Nenda kwanza nyumbani, tutakuita." Mtumishi anachukua mfuko wake, anaaga, anaenda. Wiki zinapita. Siku moja anasikia kwamba kwenye liste de présence jina lake lina alama ya kutofika kila asubuhi, na dosie iliyofunguliwa sasa ni ya désertion, kuacha kazi bila ruhusa. Lile kosa la kwanza, ambalo huenda hakulifanya, hakuna tena anayeliulizia. Hili la pili lina ushahidi wa kila siku.

Omba karatasi, kwa heshima na bila kupandisha sauti: "Bwana Shefu, nitatii. Naomba tu uamuzi ulioandikwa, ili nijue niko katika hali gani." Akikataa, siku hiyohiyo peleka barua fupi sekretaria. Utaiandika kwa Kifaransa kama karatasi zote za Leta, lakini maneno yake ni haya:

"Bwana Shefu wa Divizyo, leo tarehe fulani, saa fulani, mbele ya fulani, uliniambia kwa mdomo niache kazi na nirudi nyumbani. Sijapokea karatasi yoyote. Niko tayari kuendelea na kazi yangu, na niko tayari kutii uamuzi wowote ulioandikwa na mwenye madaraka. Ninaomba nipewe uamuzi huo pamoja na sababu zake."

Weka jina, grade, matrikule na saini. Kesho yake rudi kazini saa ya kawaida, utie saini kwenye orodha. Ukizuiwa mlangoni, andika barua ya pili: saa ngapi, nani alikuzuia, nani aliona.

Sekretera akikataa kupokea, rudi na mjumbe wa sendika, au tuma kwa posta kwa barua ya rekomande, au mwombe huissier de justice (mpeleka karatasi wa korti) aipeleke. Kumwachia barua planton wa mlangoni ni sawa na kutoipeleka.

Umefaulu kama una kopi yenye kashe, tarehe, jina la aliyepokea, na namba iliyoandikwa kwenye indicateur, lile daftari la barua zinazoingia.

## Hatua ya 2: Pokea barua, tia saini, kisha isome kwa makini

Kuna imani imeenea kwamba ukisaini umekubali kosa. Saini ya kupokea inasema jambo moja tu: barua imekufikia. Ukikataa, wataandika pembeni kwamba umekataa, siku zitaanza kuhesabika, na wewe hutakuwa na kopi. Saini, na pembeni uandike kwa mkono wako "Reçu copie le", tarehe na saa. Hiyo tarehe itakulinda mbele.

Nyumbani, soma ukitafuta haya:

Nani amesaini? Mtumishi wa ministère (wizara) anayefanya kazi Haut-Katanga anamfuata shefu wa divizyo kila siku, lakini kariera yake inashikwa Kinshasa, kwenye ministère yake na kwenye Fonction publique. Si kila anayeweza kukutuma kazi anaweza kukusimamisha. Andika cheo cha aliyesaini, uliza sendika kama ana madaraka hayo.

Kosa gani, lini, wapi? Barua inayosema "manquements graves" (makosa mazito) na kuishia hapo haikushtaki kwa kitu unachoweza kujibu. Utaomba ufafanuzi kwa barua.

Mpaka lini? Kama mwisho haujatajwa, hilo ni jambo la kwanza la kupinga.

Mshahara unasemwaje? Kama haukutajwa, usidhani. Soma hatua ya 6.

Katiba ya 18 Februari 2006 ina kifungu kimoja ambacho kila mtumishi anapaswa kukijua: kifungu cha 61. Kinasema haki ya kujitetea na haki ya kupeleka malalamiko haviwezi kuondolewa hata wakati wa état de siège (hali ya dharura ya kijeshi). Kama haviondolewi wakati wa vita, haviondolewi kwa sababu shefu amekasirika. Kitaje kwenye barua zako, bila kelele, kwa mstari mmoja.

## Hatua ya 3: Dai remise et reprise (makabidhiano) kabla ya kuacha ufunguo

Ningekuwa na nafasi ya kukufundisha hatua moja tu, ningechagua hii. Mali bila daftari huisha bila habari, na kwenye biro za Leta mali inayoisha inatafutiwa mtu ambaye hayupo. Aliyesimamishwa ndiye hayupo.

Chukua mfano wa mama anayeshika kasha la kodi kwenye biro moja ya commune. Anasimamishwa Jumatatu kwa ajili ya kwitansi moja inayobishaniwa. Anaacha ufunguo mezani kwa sababu ana hasira na aibu. Ijumaa wanafungua kabati: karne moja (kitabu kimoja) ya kwitansi haionekani. Sasa anaulizwa juu ya karatasi 50, na yeye alishtakiwa kwa moja. Atajibu nini?

Angekuwa na procès-verbal (ripoti yenye saini) ya remise et reprise, ingeandikwa hivi: "Karne moja, kwitansi namba 0451 mpaka 0500. Zilizotumika: 0451 mpaka 0463. Zilizobaki: 37, kuanzia 0464. Pesa kwenye kasha: kiasi fulani, kimehesabiwa mbele ya fulani na fulani. Kashe ya biro: moja. Funguo: mbili." Basi. Kitakachopotea baada ya saa ile ni cha yule aliyepokea.

Namna ya kuifanya:

1. Omba kwa barua iteuliwe mtu wa kupokea. Usimkabidhi rafiki wa biro kwa mdomo, hata kama mmekula pamoja miaka.
2. Hesabu kila kitu mbele yake na mbele ya shahidi mmoja: pesa, kwitansi, kashe, funguo, kompyuta na namba zake za seri, dosie zilizo mezani, pikipiki ya kazi na kilomita zake.
3. Kwa kompyuta, andika hali yake (inawaka, haiwaki), na andika kwamba umekabidhi neno la siri siku hiyo. Kazi itakayofanyika kwa jina lako baadaye haitakuwa yako.
4. Kama kuna kitu kilikuwa kimekosekana tangu zamani, kiseme sasa, kiandikwe. Ukikificha leo kitaonekana kesho bila wewe kuwepo.
5. Saini ya anayetoa, ya anayepokea, ya shahidi, kila ukurasa. Nafasi tupu zote zichorwe mstari.

Wakikunyima nafasi hiyo, tengeneza orodha yako peke yako kutoka kichwani siku hiyohiyo, iambatanishe na barua inayosema "niliomba remise et reprise, sikupewa", uipeleke ipigwe kashe. Haina nguvu sawa, lakini ni bora mara nyingi kuliko kunyamaza.

Dalili kwamba hatua imekamilika: mtu mwingine, kwa jina lake na saini yake, ndiye anayejibu juu ya kabati lako.

## Hatua ya 4: Jibu demande d'explications bila kujifunga mwenyewe

Demande d'explications, karatasi ya kukutaka ujieleze, inaweza kuja kabla ya kusimamishwa au baada. Ina muda mfupi, mara nyingi wa saa, kama 48. Hesabu kuanzia saa uliyoandika ulipopokea. Ukichelewa, uchunguzi utaendelea bila maneno yako, na watasema hukuwa na la kusema.

Jibu kila swali kwa namba yake. Toa tukio, tarehe, karatasi inayothibitisha. Usiandike historia ya ugomvi wenu. Usitaje ukabila hata kama moyoni unaamini ndio chanzo, isipokuwa una maneno yaliyoandikwa au shahidi wa kusimama.

Sasa neno la msamaha. Kwetu kumwomba mkubwa msamaha ni adabu, na watumishi wengi, hasa wamama na vijana wapya, wanaandika "Mzee, naomba msamaha kwa yote yaliyotokea" ili kupoza hasira. Barua hiyo inaingia kwenye dosie. Miezi baadaye inasomwa mbele ya watu wasiokujua, na pale inasomwa kama kukiri. Heshima iweke kwenye sauti ya barua: mwite kwa cheo chake, sema unaheshimu mamlaka, sema uko tayari kusaidia uchunguzi. Kosa ambalo hukulifanya usiliombee msamaha. Na kama kuna sehemu ni kweli, kwa mfano ulichelewesha ripoti, sema hiyo sehemu tu, sababu yake, na uishie hapo.

Kama maswali hayaeleweki, jibu hata hivyo ndani ya muda: "Ninakana. Ninaomba nielezwe tarehe na tukio ili nijibu kikamilifu." Usiache muda upite ukisubiri ufafanuzi.

## Hatua ya 5: Omba kuona dosie, jitayarishe kusikilizwa

Andika uombe kusoma dosie yote ya nidhamu kabla ya siku ya kusikilizwa. Huwezi kujibu ripoti usiyoisoma. Ukiruhusiwa kusoma bila kopi, nakili kwa mkono: tarehe za karatasi, nani amesaini, mistari inayokugusa.

Andaa orodha ya mashahidi wako na uipeleke kwa barua. Mashahidi wa biro wanaogopa. Usiwasukume waseme zaidi ya walichoona. Mtu aliyeona jambo dogo na kulisimulia bila kuongeza ana uzito kuliko rafiki anayekusifu.

Siku yenyewe, nenda na mjumbe wa sendika. Ongea polepole, maana kuna mtu anaandika. Mwishoni watakupa procès-verbal usaini. Isome yote, hata wakikuambia wana haraka. Neno ambalo hukulisema, omba lirekebishwe. Wakikataa, andika juu ya saini yako, kwa mkono, ni sehemu gani haikubaliani na ulivyosema, kisha saini na uombe kopi.

Angalia pia nani anakuchunguza. Aliyekushtaki asiwe ndiye anayekuhoji na ndiye anayeandika mapendekezo. Kifungu cha 193 cha Katiba kinataka utawala wa Leta uwe hauna chama, usiegemee upande, usitumiwe kwa faida ya mtu binafsi. Ukiona mtu mmoja amevaa kofia zote, sema kwa barua kabla ya kusikilizwa. Ukisema baada ya kushindwa, utaonekana unatafuta kisingizio.

## Hatua ya 6: Fuatilia mshahara mwezi wa kwanza, usingoje wa tatu

Tenganisha mshahara na prime. Prime ya biro mara nyingi inafuata kazi unayofanya pale, na inaweza kusimama. Mshahara ni jambo lingine. Kukata hata theluthi yake ni adhabu yenye jina, inayotolewa baada ya kusikilizwa. Kama barua ya kusimamishwa haikutaja mshahara na mwisho wa mwezi benki haina kitu, andika mara moja: "Uamuzi gani umesimamisha mshahara wangu, wa tarehe gani, umesainiwa na nani?"

Usikubali jibu la "ni mashine ya Kinshasa". Kama jina limetoka kwenye listing (orodha ya malipo), kuna karatasi au mtu aliyelitoa. Na kila mwezi unaopita bila kuandika unafanya kulirudisha kuwe kugumu zaidi.

Kwa nini pesa ni sehemu ya haki yenyewe? Mwaka 1999 Mahakama ya Juu ya India iliamua kesi ya Kapteni M. Paul Anthony, ofisa wa ulinzi kwenye mgodi wa dhahabu wa Kolar. Alikuwa amesimamishwa na hakulipwa posho ya kujikimu; uchunguzi ukafanyika mbali na kwao, yeye hakuweza kufika, wakamfukuza bila kumsikia. Mahakama ilimrudishia haki yake. Mtu aliyenyimwa nauli ya kufika mbele ya wanaomchunguza hajapewa nafasi ya kujitetea. Hukumu ile haimfungi hakimu wa Lubumbashi, lakini hoja yake unaweza kuitumia, hasa kama wewe uko Kasumbalesa au Likasi na unaitwa kusikilizwa mjini.

Kutoka hukohuko India, mwaka 2015, katika kesi ya Ajay Kumar Choudhary, mahakama ilisema kusimamishwa kusipite miezi 3 kama mtumishi hajapewa mashtaka yaliyoandikwa. Afrika Kusini kwa upande wake, mwaka 2019, Mahakama ya Katiba iliona si lazima mtu asikilizwe kwanza kabla ya kusimamishwa kwa tahadhari, ikiwa kuna sababu nzuri na mshahara kamili unaendelea. Nakuambia hili kwa sababu wengi wanaweka nguvu zao zote kwenye "sikusikilizwa kabla ya kusimamishwa". Hoja yenye nguvu zaidi mara nyingi iko mbele: sababu haipo, mwisho haupo, mshahara umekatwa, uchunguzi haufanyiki.

## Hatua ya 7: Hesabu miezi mitatu, peleka réclamation

Kesi nyingi nzuri zinafia hapa. Sheria ya korti za utawala, namba 16/027 ya tarehe 15 Oktoba 2016, inataka kwanza umwandikie mwenye mamlaka, umwombe afute au abadilishe uamuzi wake. Barua hiyo, réclamation préalable, ipelekwe ndani ya miezi 3 tangu ulipopokea uamuzi. Asipojibu kwa miezi 3, kunyamaza kwake ni kukataa. Kuanzia hapo una miezi 3 ya kwenda kortini.

Iweke kwenye kaye yako kwa tarehe. Ulipokea uamuzi 10 Machi: réclamation ifike kabla ya 10 Juni. Uliipeleka 20 Machi na hakuna jibu: tarehe 20 Juni umekataliwa, na mlango wa korti unafungwa 20 Septemba. Akijibu mapema kwa kukataa, hesabu kuanzia siku ulipopokea jibu hilo. Usicheze na siku za mwisho.

Ndani ya réclamation weka mambo manne, kwa kifupi: uamuzi unaoupinga (namba, tarehe, aliyesaini), sababu zako, zenye namba, unachoomba (kurudi kazini, au uchunguzi uishe kwa tarehe fulani, na mshahara), na orodha ya karatasi ulizoambatanisha. Ipeleke kwa yule aliyesaini uamuzi, kopi kwa mkubwa wake na kwa sendika. Kama aliyesaini yuko Kinshasa, usimpe barua msafiri tu aiweke mfukoni. Mtu atakayeipeleka arudi na kashe.

Onyo kubwa: mazungumzo mazuri hayasimamishi saa. Shefu anaweza kukuambia "tulia, jambo lako linaenda vizuri, usiandike, utaharibu". Huenda anasema kwa nia njema. Mwezi wa tatu ukipita hata nia njema yake haitaufungua. Andika kwa heshima na uendelee kuongea naye.

Wenzako wakitaka kukusaidia, kifungu cha 27 cha Katiba kinawapa nafasi ya kuandika pétition ya pamoja. Mamlaka inatakiwa kuijibu ndani ya miezi 3, na hakuna anayeweza kushtakiwa kwa kuiandika. Hiyo haichukui nafasi ya réclamation yako.

Na yule anayekuja jioni kukuambia kuna mtu wa "kusukuma dosie" kwa matabishi (hongo), mkatalie. Corruption ni kosa la jinai, na sheria ya 29 Machi 2005 ililiongezea uzito. Utakuwa umenunua kesi.

## Hatua ya 8: Korti

Kwa hatua hii uwe na avoka. Korti inategemea nani aliyesaini: uamuzi wa mamlaka za kati unapelekwa Conseil d'État (korti kuu ya utawala), Kinshasa, wa mamlaka ya mkoa au ya commune unabaki huku, na pale ambapo korti mpya za utawala bado hazijafunguliwa, avoka atakuonyesha njia ya Cour d'appel (korti ya rufaa). Ukikosea mlango utapoteza miezi.

Mwulize juu ya référé-suspension: kumwomba hakimu asimamishe uamuzi wakati kesi kubwa inaendelea. Inahitaji haraka ya kweli (nyumba, matibabu, watoto waliofukuzwa shule) na shaka nzito juu ya uhalali wa uamuzi. Karatasi zako za hatua ya 1 mpaka ya 7 ndizo zitakazoijaza.

## Kama parquet (ofisi ya mwendesha mashtaka) imeingia

Kesi ya nidhamu na kesi ya jinai zinatembea kila moja kwenye njia yake. Ukiitwa na OPJ (afisa wa upelelezi), usiende na majibu uliyoandika biro ukadhani yanatosha. Maneno unayotoa pale yana matokeo mengine. Nenda na avoka. Garde à vue (kuzuiliwa kabla ya kufikishwa mbele ya hakimu au parquet) haipiti saa 48, ni kifungu cha 18 cha Katiba. Parquet ikifunga dosie bila kukushtaki, chukua karatasi hiyo na uipeleke kwenye dosie ya nidhamu. Haikurudishi kazini yenyewe, lakini anayetaka kuendelea kukusimamisha atapaswa kueleza kwa nini.

## Kwa shefu anayesimamisha

Nawe unasoma hii, na huenda una sababu nzuri: pesa zimepotea, mashahidi wanatishwa. Basi jiulize kwanza kama kumhamisha mtu biro nyingine kungetosha. Kama hakutoshi, andika sababu, weka mwisho, panga siku ya remise et reprise, teua mchunguzi ambaye hana ugomvi naye, na umwambie mtumishi ni nani wa kumwandikia. Kazi hiyo haimalizi asubuhi moja, na inalinda hata uamuzi wako: mwizi wa kweli anashinda kortini kwa sababu shefu aliruka hatua. Na mtu asiye na kosa asikae nyumbani mwaka mzima, watoto wakimwuliza kila asubuhi kwa nini haendi kazini, kwa sababu hakuna aliyefungua dosie yake.

## Hatua ya 9: Kurudi kazini

Ukiitwa urudi, usirudi kwa simu. Omba karatasi inayoondoa kusimamishwa, yenye tarehe. Bila hiyo, mwaka kesho mtu atafungua dosie yako na kukuta umesimamishwa bado.

Fanya remise et reprise ya kurudi, kwa makini uleule: karne za kwitansi zihesabiwe upya, neno la siri la kompyuta libadilishwe siku hiyo. Andika barua ya kuomba mishahara iliyokosekana, mwezi kwa mwezi, ukiambatanisha relevé ya benki. Kagua listing ya malipo inayofuata kama matrikule yako imo na grade ni ileile. Omba pia kwamba miezi uliyokuwa nje isihesabiwe dhidi yako kwenye signalement ya mwaka huo, kisha uchukue kopi ya signalement hiyo ikishasainiwa.

Kaye yako usiitupe. Iweke pamoja na kopi zote, na ile kopi iliyoko kwa ndugu yako iache hukohuko mpaka malipo ya mwisho yameingia.